Nani Aliyehesabu?

Baba yangu alikuwa na swali moja ambalo hakuchoka kuliuliza. Kila alipotajiwa idadi ya kitu kikubwa, iwe ni watu wa mji au marobota ya pamba yaliyopelekwa bandarini, aliinua uso kutoka kwenye wavu aliokuwa akiushona na kusema, "Nani aliyehesabu?" Hakuuliza kwa ubishi. Alikuwa mvuvi wa dagaa pale Kayenze, nje kidogo ya mji wa Mwanza, na elimu yake ya shule iliishia kwenye kuandika jina lake. Kwake yeye idadi ilikuwa kama deni: lazima awepo mtu anayelijua na anayeweza kulitolea ushahidi. Idadi isiyo na mwenyewe aliiona kuwa ni uvumi tu.

Mjomba wangu, kaka yake mama, alikuwa mtu wa namna nyingine kabisa. Alizaliwa Bukoba, akasomea ualimu, akapangiwa kufundisha shule ya msingi mjini Mwanza. Jumamosi alikuja kwetu kwa baiskeli, na nyuma ya baiskeli kulikuwa na mfuko wa turubai uliojaa vitabu. Mama alipenda kusema kwamba kaka yake angezama majini angeokoa vitabu kwanza. Ulikuwa utani wa siku zile. Baadaye hakuurudia tena.

Vitabu vya mjomba nilivyovipenda zaidi vilikuwa vitatu. Cha kwanza kilikuwa *Alfu Lela Ulela*, zile hekaya za majini, mazulia yanayoruka na mabaharia waliofika visiwa visivyo kwenye ramani. Cha pili kilikuwa *Kusadikika* cha Shaaban Robert, kilichotoka mwaka 1951, ambacho kinasimulia habari za nchi inayoelea angani. Cha tatu kilikuwa kitabu cha Kiingereza kuhusu nyota. Jalada lake lilikuwa limetoka zamani, na kurasa za mwanzo zimeliwa na mchwa, hivyo kilianza katikati ya sentensi. Mjomba alinisomea huku akitafsiri, naye alipofika mahali pagumu alinyamaza kidogo, akasugua kidevu, kisha akaendelea kwa Kiswahili alichokitunga hapo hapo.

Nakumbuka usiku aliponisomea umbali wa nyota iliyo jirani na jua letu. Ni moja ya zile mbili angavu zinazoelekeza kwenye Msalaba wa Kusini, na sisi watu wa Mwanza, tulio karibu sana na ikweta, tunaziona bila shida. Kitabu kilisema ziko maili bilioni 25 kutoka kwetu. Mjomba akanionya nisiidharau bilioni ile. Kitabu kilipigwa chapa Uingereza zamani, na bilioni ya Waingereza wa wakati ule ilikuwa milioni mara milioni, ilhali Wamarekani huita bilioni kile kilicho milioni elfu moja tu. Baadaye, mwaka 1974, serikali ya Uingereza nayo iliiacha hesabu yake ya kale ikafuata ile ndogo, na ndiyo tuitumiayo sisi leo. Kwa hiyo bilioni 25 za kitabu kile ni trilioni 25 za siku hizi. Nilishangaa kusikia kwamba hata idadi huzaliwa mahali fulani na kubadili maana ikihama.

"Nuru huenda kilomita laki tatu kwa sekunde moja," mjomba aliniambia. "Ikitoka Bukoba imekwisha fika Mwanza kabla hujapepesa jicho. Meli huchukua usiku kucha. Sasa nuru hiyo hiyo, mpwa wangu, kutoka kwenye nyota ile hadi hapa mlangoni petu, husafiri zaidi ya miaka minne."

Baba, aliyekuwa akisafisha karabai zake, akauliza, "Nani aliyehesabu?"

Mjomba hakujibu usiku ule. Alijibu Jumamosi iliyofuata, na hakujibu kwa maneno. Alinipa kikombe cha bati, akaniambia nikijaze dagaa na kuwahesabu mmoja mmoja. Nilihesabu mara mbili, nikapata 210. Kisha akaniambia nipime ni vikombe vingapi vinajaza ndoo moja. Vilikuwa 80. Nikaandika mchangani: 210 mara 80, jawabu 16,800. Baba alisogea akaitazama ile hesabu kwa muda mrefu. Maisha yake yote alikuwa amebeba ndoo za dagaa, na hakuna aliyepata kumwambia amebeba samaki wangapi.

"Basi sikiliza, shemeji," mjomba akasema. "Nyota unazoziona kwa macho yako usiku wa giza hazizidi elfu chache. Ndoo yako moja ina samaki wengi kuliko nyota zote uzionazo ukiwa ziwani. Lakini ule ukungu mweupe unaopita katikati ya mbingu, Njia Nyeupe, nao ni nyota, na wataalamu wanasema hazipungui bilioni 100. Hawakuzihesabu moja moja. Walipima sehemu wanayoiweza, wakazidisha. Wamefanya kama mtoto na kikombe chake."

Nilipiga hesabu. Ingehitajika ndoo karibu milioni 6 za dagaa ili kila nyota ipate samaki wake mmoja. Baba alicheka hadi akakaa chini. "Mradi kikombe chao kiwe hakijatoboka," akasema.

Tangu hapo akawa anakaa karibu nasi mjomba anaposoma, ingawa alijidai anashona wavu. Naye hakuwa mjinga wa nyota. Alijua kilimia kinapozama na kinapozuka, maana ndicho kilichowaongoza wakulima tangu enzi za mababu, na alijua saa ya kuvuta nyavu kwa kuitazama Zuhura. Kazi yenyewe ya dagaa hutaka giza. Mwezi ukiwa mpevu, wavuvi hukaa nyumbani, kwa sababu taa haina nguvu ya kuwavuta samaki mbele ya mbalamwezi. Giza likirudi, mitumbwi huingia ziwani, na ukisimama ufukweni unaona taa zimejipanga juu ya maji kama mji mkubwa ambao mchana haukuwapo. Usiku wa namna hiyo mimi nilishindwa kupambanua ziwa linaishia wapi na mbingu inaanzia wapi.

Mama hakujali vitabu vile. Lakini usiku wa giza aliamka mara nyingi, akafungua mlango, akasimama kulielekea ziwa. Midomo yake ilikuwa ikicheza. Nilidhani anasali.

Kutokana na *Kusadikika* nilijifunza jambo ambalo sikulielewa hadi nilipokuwa mtu mzima. Katika nchi ile ya angani walipelekwa wajumbe sita: mashariki, magharibi, kaskazini, kusini, mbinguni na ardhini. Kila mmoja alirudi na habari za manufaa, na kila mmoja alilipwa mateso badala ya shukrani. Nilimwuliza mjomba kwa nini mwandishi aliiweka nchi hiyo hewani, hali mambo yake yote, majivuno ya wakubwa, kesi, magereza, yanafanana na ya duniani. Akanijibu kwamba mtu aliye bondeni haoni umbo la kijiji chake mpaka apande jiwe. Sisi wa Mwanza tunayajua mawe. Ukipanda jiwe huendi mbali. Umebaki kijijini kwako, ila sasa unakiona.

Ndivyo alivyovielewa vitabu vyote vya namna hiyo. Hakuvipenda kwa kutaka kutoroka. Alipopata habari kwamba Desemba 12, 1970, kwenye jukwaa lililojengwa baharini karibu na Malindi, ilirushwa satelaiti ya kuchunguza nyota, na kwamba ilipewa jina la *Uhuru* kwa kuwa siku hiyo ilikuwa sikukuu ya uhuru wa Kenya, alikuja mbio kutwambia kana kwamba ameipigilia misumari yeye. Satelaiti ile ilikuwa ya Wamarekani, na waliorusha walikuwa Waitalia, lakini neno lilikuwa letu. Ilikuwa ya kwanza kutengenezwa kwa kazi ya kutafuta miale ya eksirei inayotoka angani, na orodha yake ya mwisho ilikuwa na vyanzo 339. Kati yake kuna kimoja ambacho wataalamu walikuja kukubali kuwa ni shimo jeusi, nyota iliyojikunja hata nuru haiwezi kutoka. Mpaka leo wanaoandika habari za vyanzo vile huweka herufi U kabla ya namba zake, kwa ajili ya Uhuru. Habari hizi za mwisho niliziandikia barua mjomba mimi mwenyewe, nilipokuwa karani wa ghala, kazi niliyolipwa kwa kuhesabu.

Alikuwa na ushahidi mwingine wa karibu zaidi. Ng'ambo ya maji yetu, katika kisiwa cha Ukerewe, mzee Aniceti Kitereza alimaliza kuandika mwaka 1945, kwa Kikerewe, hadithi ndefu ya Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka. Ilichapishwa kwa Kiswahili mwaka 1980, baada ya miaka 35, na mwandishi akafariki mwaka uliofuata. Mjomba alikinunua kitabu hicho, akakipima mkononi, akasema, "Unaona? Nuru imeondoka Ukerewe mwaka 1945, imetufikia leo." Kisha mwana mwingine wa Ukerewe, Euphrase Kezilahabi, akatoa *Nagona* mwaka 1990 na *Mzingile* mwaka 1991, vitabu vidogo vyenye safari za ajabu, kama ndoto ya mtu anayeutafuta ukweli katika dunia isiyofuata kanuni. Mjomba aliisoma *Nagona* mara tatu na kukiri kwamba hajaielewa. Mimi niliisoma kurasa 20 nikaiacha. Alinikasirikia. Akasema msomaji anayetaka kuelewa kila kitu siku hiyo hiyo ni kama mvuvi anayetaka dagaa wamrukie mtumbwini mchana. Akaniachia nakala yake, akaniagiza niimalize kabla hajarudi safari, tupate kubishana.

Safari yenyewe ilikuwa ya kwenda Bukoba kwenye msiba wa jamaa. Alirudi na MV Bukoba, iliyozama asubuhi ya Mei 21, 1996, ikiwa imekaribia Mwanza.

Ndugu msomaji, mambo ya siku zile yamekwisha simuliwa na wengi, nami sina nia ya kuyarudia. Tulikwenda uwanja wa Nyamagana pamoja na maelfu ya watu wengine. Tulikwenda siku ya kwanza, ya pili, ya tatu. Tulitazama tulichotakiwa kutazama. Mjomba hatukumpata. Alisafiri daraja la tatu, na abiria wa daraja hilo hawakuwa na orodha ya majina. Uwezo wa meli ulikuwa watu 430. Waliokufa, wengine walisema ni mia tano, wengine mia nane, wengine wakasema elfu. Ukienda leo Igoma, kwenye makaburi ya pamoja, unaweza kusimama na kusoma. Lakini hutajua kama mtu wako yumo katika hesabu au yumo ziwani.

Jioni moja, nyumbani, mtangazaji wa redio alitaja idadi. Baba alikuwa ameketi kwenye kigoda, mikono mitupu, bila wavu. Akasema kwa sauti ya chini, "Nani aliyehesabu?"

Lilikuwa swali lile lile la siku zote. Safari hii hapakuwa na mtu wa kumjibu, na hakuna aliyecheka.

Kwa miaka mingi baada ya hapo sikuweza kusoma vitabu vya nyota wala vya safari za dunia nyingine. Nilivifunga ndani ya mfuko ule wa turubai nikavitia chini ya kitanda. Niliona haya. Ilikuwaje nimefurahia bilioni 100 za nyota, na watu wasiofika hata elfu moja wakatushinda kuhesabu? Wajumbe wa Kusadikika walipelekwa mpaka mbinguni na mpaka ardhini, wakarudi wote sita. Mjomba alikwenda Bukoba tu.

Aliyenitoa katika hali hiyo alikuwa mama, naye hakujua kama amenitoa. Baba alikuwa amekwisha fariki. Nilikuwa nimekwenda kulala kwake, usiku wa giza, nikaamka nikamkuta amesimama mlangoni kama zamani, midomo ikicheza. Nilimwuliza anamwombea nani, hali sasa hana mtu ziwani.

"Siombi," akasema. "Nahesabu."

Ndipo akanieleza. Katika mwalo wetu, enzi za baba, mtumbwi mmoja wa dagaa ulichukua taa nne na watu wanne. Kwa hiyo, taa moja, mtu mmoja. Wanawake wa mwaloni walilijua jambo hilo tangu taa zilipoanza. Jioni walihesabu taa zinazoondoka, na usiku kila aliyeamka alihesabu. Ikipungua moja, alimgongea jirani, naye akahesabu. Zikipungua nne, walikwenda ufukweni. Mama hakuwahi kukaa darasani. Alihesabu kwa Kisukuma, lugha ya mumewe, na akifika mahali idadi inapomchanganya, alianza tena upya.

"Kila usiku?" nikamwuliza.

"Sasa angehesabu nani?" akanijibu.

Nilirudi kulala lakini sikupata usingizi. Miaka yote ile baba alikuwa akiuliza swali lake, na aliyekuwa akihesabu alikuwa ameolewa naye. Yamkini baba alijua. Yamkini ndiyo sababu aliuliza: alijua hesabu ya kweli inavyofanywa, kwamba inamtaka mtu asimame kwenye baridi na asichoke, kwa ajili ya mmoja anayeweza kupungua.

Asubuhi yake niliufungua mfuko. Nikakumbuka swali ambalo mjomba alipata kuniuliza nikiwa mtoto kuhusu jina la *Alfu Lela Ulela*, maana yake usiku elfu na usiku mmoja. Aliniuliza kwa nini hawakusema elfu wakaacha. Nilimjibu kwamba huenda zilikuwa elfu moja na moja kweli. Akasema, "Huenda. Lakini elfu ni neno tu la kusema nyingi. Ule mmoja uliozidi ndio unaoonyesha kwamba kuna mtu alikuwa anahesabu." Wakati ule niliyaona ni maneno ya mwalimu anayejifurahisha.

*Nagona* niliimaliza, kwa kuchelewa sana. Siwezi kudai kwamba nimeielewa. Kezilahabi naye amekwisha tutoka, Januari 2020. Nikifika kwenye kurasa ambazo mjomba aliziwekea alama ya kalamu pembeni, najaribu kufikiri alitaka kubishia nini, kisha najibishia mwenyewe kwa niaba yake. Wakati mwingine hunishinda.

Sasa nimestaafu, na kuna mjukuu wangu wa kike mwenye umri wa miaka tisa anayependa kuja Kayenze siku za likizo. Kile kitabu cha nyota kisicho na jalada nilikwisha mpa. Yeye humsomea mdogo wake, huku akitafsiri, akinyamaza na kusugua kidevu ingawa hakupata kumwona mtu yeyote akifanya hivyo. Ameniuliza maswali ambayo kitabu hakikuyajua, kwa kuwa tangu kipigwe chapa wataalamu wamegundua sayari maelfu zinazozunguka nyota nyingine. Anataka kujua kama huko kuna maziwa. Anataka kujua kama kuna dagaa.

Likizo iliyopita tulikaa nje usiku wa giza. Karabai zimepungua siku hizi. Wavuvi wengi wanatumia taa za umeme wa jua, nyeupe zaidi, ila mji ule juu ya maji ni ule ule. Juu yetu Njia Nyeupe ilikuwa imetanda kutoka upande hadi upande. Nilimwambia habari za bilioni 100, na za ndoo milioni 6. Alifikiri kidogo, kisha akageukia ziwani, akanyoosha kidole akaanza kuhesabu taa. Alifika 47, akapotea.

"Ni nyingi, babu," akasema. "Niseme tu ni kama hamsini."

Nilimwambia taa moja kwa bibi yake mkubwa ilikuwa mtu mmoja. Alinitazama kuona kama natania. Kisha akasimama, akausogelea ufukwe ili aone vizuri, akanyoosha tena kidole chake, akaanza na moja.